Mtikisiko wa Ubongo: Somo la Mchezaji wa Raga kwa Wakazi wa Ufipa

Utangulizi

Raga si mchezo wa Ufipa. Katika Uwanja wa Nelson Mandela mjini Sumbawanga, na katika viwanja vya shule kuanzia Laela hadi Namanyere, mpira unaochezwa ni wa miguu. Hata hivyo makala haya yanaanza na raga kwa sababu ya kitabibu. Mchezaji wa mbele wa raga ni miongoni mwa watu wachache duniani ambao vichwa vyao vimefuatiliwa kwa makini katika miaka ya kazi yao, na baadhi yao ubongo wao umechunguzwa kwa hadubini baada ya kifo. Yaliyoonekana kwao yanatusaidia kumhudumia dereva wa bodaboda aliyeanguka kwenye mteremko wa Lyamba lya Mfipa, mkulima aliyepigwa teke na maksai, na kijana aliyegongana kichwa na mwenzake wakigombea mpira wa kona.

Somo lenyewe ni hili: ubongo huumia bila fuvu kuvunjika na bila mtu kuzirai, na pigo la pili linalokuja kabla ya la kwanza kupona huwa na madhara kuliko ukubwa wake. Anayelijua hilo hatamruhusu majeruhi arudi uwanjani, shambani au barabarani siku hiyohiyo.

Kazi ya mchezaji wa mbele

Raga ya ligi ilizaliwa mwaka 1895 katika mji wa Huddersfield, kaskazini mwa Uingereza. Wachezaji wengi wa vilabu vya eneo hilo walikuwa wachimbaji wa makaa ya mawe na wafanyakazi wa viwandani. Vilabu vilijitenga na chama cha raga kwa sababu chama kilikataza wachezaji kulipwa fidia ya ujira walioupoteza kwa kwenda kucheza siku ya Jumamosi. Kwa hiyo tangu mwanzo huu ulikuwa mchezo wa watu wanaoishi kwa nguvu za miili yao. Mwaka 1908 mashindano yake yalianza mjini Sydney, Australia, na huko ndiko ulikopata wafuasi wengi zaidi.

Kila timu ina wachezaji 13, na sita kati yao ni wa safu ya mbele. Kazi yao ni kubeba mpira na kukimbia moja kwa moja kuelekea ukuta wa wapinzani, wakijua wataangushwa, na wapinzani wakiwa na mpira, kuwaangusha wao. Katika dakika 80 mchezaji wa mbele mwenye bidii anaweza kumkaba na kumwangusha mpinzani mara 30 au 40, mbali na mara anazoangushwa yeye. Mapigo mengi kati ya hayo hupokelewa na mabega na kifua, lakini kichwa hutikisika hata pale kisipoguswa. Zidisha hayo kwa michezo 20 na zaidi ya msimu, kisha kwa miaka 10 au 15 ya kazi, ongeza na siku za mazoezi, ndipo utakapopata picha ya mzigo ambao ubongo huo umebeba.

Wana wa Afrika Mashariki nao wamepita njia hii. Wakenya Eddie Rombo na Lucas Onyango walicheza kwa malipo katika vilabu vya raga ya ligi kaskazini mwa Uingereza, wote wawili wakiwa wachezaji wa pembeni. Mwenzao Daniel Adongo alikuwa mchezaji wa mbele katika raga ya wachezaji 15. Alicheza Afrika Kusini na New Zealand, na mwaka 2013 akajiunga na Indianapolis Colts katika futiboli ya Marekani, akawa Mkenya wa kwanza kucheza katika ligi hiyo. Kwa vijana wengi wa ukanda wetu, michezo ya kugongana ni ajira. Kwa hiyo swali la kichwa linawahusu pia.

Steve Folkes na wenzake

Steve Folkes alizaliwa mwaka 1959. Kuanzia mwaka 1978 hadi 1991 alicheza safu ya mbele katika klabu ya Canterbury-Bankstown ya Sydney, michezo 245, akatwaa ubingwa mara nne: 1980, 1984, 1985 na 1988. Aliichezea pia timu ya taifa ya Australia. Baadaye akawa kocha wa klabu yake kuanzia 1998 hadi 2008, na mwaka 2004 akaipatia ubingwa. Kwa kipimo chochote hiyo ni kazi iliyofanikiwa.

Alifariki Februari 2018 kwa mshtuko wa moyo, akiwa na umri wa miaka 59. Ubongo wake ulikabidhiwa kwa watafiti wa Sydney. Mwaka 2019 walitangaza kwamba ubongo wa wachezaji wawili wa zamani wa ligi kuu ya raga ya Australia ulikuwa na alama za ugonjwa sugu unaotokana na mapigo ya kurudiwarudiwa kichwani, ambao madaktari huuita kwa kifupi CTE. Baadaye ikafahamika kwamba mmoja wao alikuwa Folkes. Hao walikuwa wa kwanza kuthibitishwa katika raga ya ligi. Izingatiwe kwamba ugonjwa huo haukuwa chanzo cha kifo chake. Alikuwa ameishi, amefanya kazi na ameongoza wengine huku alama hizo zikijijenga ndani ya kichwa chake.

Katika raga ya wachezaji 15, Steve Thompson alikuwa mchezaji wa mbele wa Uingereza ilipotwaa Kombe la Dunia mwaka 2003. Mwezi Desemba 2020, akiwa na umri wa miaka 42, alieleza hadharani kwamba amegundulika kuwa na ugonjwa wa kupoteza kumbukumbu, na kwamba hakumbuki kabisa kushinda kombe hilo.

Elimu hii ina historia ndefu. Mwaka 1928 daktari Harrison Martland wa Marekani aliandika kuhusu mabondia waliokuwa wakiyumba na kuchanganyikiwa kama walevi ilhali hawakulewa. Mwaka 2005 Dkt. Bennet Omalu, Mnaijeria aliyekuwa akifanya kazi Marekani, alichapisha matokeo ya uchunguzi wa ubongo wa Mike Webster, mchezaji wa futiboli ya Marekani aliyefariki mwaka 2002 akiwa na umri wa miaka 50. Ubongo huo ulionekana wa kawaida kwa macho, lakini hadubini ilionyesha ugonjwa. Wapo waliompinga Omalu vikali, lakini uchunguzi uliofuata ulithibitisha aliyoyaona.

Mpira wa miguu nao haukusalimika. Utafiti uliochapishwa mwaka 2019 huko Scotland ulionyesha kwamba waliokuwa wachezaji wa kulipwa walifariki kwa magonjwa ya kuchakaa kwa ubongo mara tatu na nusu zaidi ya watu wengine wa umri wao. Mwaka uliofuata, Uingereza na Scotland zilizuia watoto wa shule za msingi kupiga mpira kwa kichwa mazoezini.

Nini hutokea ndani ya fuvu

Ubongo wa mtu mzima una uzito wa karibu kilo 1.4. Ni laini, na umezungukwa na maji ndani ya fuvu gumu. Kichwa kinaposimamishwa ghafla au kuzungushwa kwa nguvu, fuvu hutangulia na ubongo huchelewa. Katika kuchelewa huko nyuzi ndefu za neva huvutwa. Chumvichumvi zilizokuwa ndani ya chembe hutoka, na zilizokuwa nje huingia. Chembe hulazimika kutumia sukari nyingi kurudisha mizani, wakati huohuo mtiririko wa damu umepungua. Hali hiyo ndiyo tunayoiita mtikisiko wa ubongo.

Mambo matatu hufuata kutokana na maelezo haya. Kwanza, kipimo cha CT huonekana safi, kwa sababu kilichoharibika ni utendaji wa chembe na hakuna mfupa uliovunjika wala damu iliyovuja. Pili, walio wengi hawazirai. Anayesubiri mtu apoteze fahamu ndipo aamini kwamba ameumia atawakosa wagonjwa wengi. Tatu, kwa siku kadhaa ubongo huwa kama shamba lililokwisha maji: pigo dogo katika siku hizo hudhuru kuliko lilivyostahili. Kwa vijana, mara chache sana, pigo la pili husababisha uvimbe wa ghafla wa ubongo na kifo.

Madhara ya miaka mingi huja kwa njia nyingine. Protini iitwayo tau, ambayo kwa kawaida huimarisha nyuzi za neva, hujikunja na kurundikana kuzunguka mishipa midogo ya damu katika mikunjo ya ubongo. Miaka mingi baadaye mtu anaweza kuwa msahaulifu, mwenye hasira za ghafla, mwenye huzuni, asiyeweza kupanga mambo yake. Tafiti za wachezaji wa futiboli ya Marekani zinaonyesha kwamba hatari hufuata jumla ya mapigo na miaka ya kucheza kuliko idadi ya mitikisiko iliyotambuliwa. Ugonjwa huu huthibitishwa baada ya kifo tu, na si kila aliyepigwa kichwani huupata. Kwa hiyo mhudumu wa afya asimwambie mgonjwa aliye hai kwamba anao. Kazi yetu ni kupunguza mapigo yajayo na kutibu yanayotibika.

Mambo matatu yanayotupotosha Rukwa

Jambo la kwanza ni malaria. Katika Bonde la Rukwa, kwenye vijiji kama Muze, Mtowisa na Ilemba, mtu mwenye maumivu ya kichwa, kutapika na uchovu hupimwa malaria, na ni sahihi apimwe. Lakini watu wazima wa maeneo yenye malaria wanaweza kuwa na vimelea bila vimelea hivyo kuwa chanzo cha dalili zao. Kipimo cha haraka kikionyesha malaria kwa mtu aliyeanguka jana kutoka juu ya lori la magunia ya mahindi, atibiwe malaria na jeraha la kichwa lifuatiliwe vilevile. Swali moja linatosha kuokoa maisha: "Je, katika wiki hizi umeanguka, umegongwa au umepigwa kichwani?"

Jambo la pili ni pombe. Majeruhi anayenuka pombe, anayeongea ovyo na kulala, huachwa kwenye benchi apate usingizi wake. Mlevi ni mtu anayeanguka kwa urahisi, na pombe haizuii damu kuvuja ndani ya fuvu. Aliyelewa hupata nafuu kadiri saa zinavyopita. Anayezidi kuzama usingizini ana jambo jingine.

Jambo la tatu linahitaji kusemwa kwa heshima. Wengi hueleza kwamba jina la Sumbawanga maana yake ni "tupa uchawi". Familia inapomwona baba mpole amekuwa mkali, au mama mwerevu amesahau njia ya kwenda kwake, ni rahisi kumtafuta aliyemroga, na mara nyingi kidole huelekezwa kwa mzee wa jirani. Mara nyingine anayelaumiwa ni mgonjwa mwenyewe. Kwa wazee hasa, damu inaweza kujikusanya polepole kati ya ubongo na utando wake wa nje baada ya kuanguka kidogo tu, na dalili zikaanza wiki tatu au zaidi baadaye, wakati kila mtu amekwisha kusahau kuanguka huko. Mzee huanza kuchanganyikiwa, kuyumba, au kuwa mnyonge upande mmoja. Hali hii hutibika: daktari wa upasuaji hutoboa tundu dogo kwenye fuvu na kuitoa damu hiyo, na wengi hurudi katika hali yao. Familia iliyopoteza mwezi mzima ikimtafuta mchawi imepoteza mwezi wa matibabu, na huenda imemuumiza jirani asiye na hatia.

Kwa mhudumu wa afya

Mwenye jeraha la kichwa ahudumiwe kwa utaratibu uleule wa kila majeruhi: njia ya hewa, upumuaji, mzunguko wa damu. Shingo ilindwe hadi ihakikishwe kuwa salama. Pima sukari, kwa kuwa sukari iliyoshuka hufanana na jeraha la ubongo. Andika alama za fahamu kwa kipimo cha Glasgow, ukubwa wa mboni zote mbili na nguvu za mikono na miguu, pamoja na saa uliyopima. Rudia kila baada ya nusu saa mwanzoni. Kipimo kimoja kinaeleza kidogo, ila vipimo vitatu vilivyoandikwa huonyesha mgonjwa anaelekea wapi. Fomu ya polisi, PF3, ina kazi yake ya kisheria, lakini matibabu ya dharura hayapaswi kuisubiri.

Uwanjani, muulize mchezaji maswali mepesi: Tuko uwanja gani? Hiki ni kipindi cha kwanza au cha pili? Nani amefunga bao la mwisho? Mlicheza na nani mara iliyopita? Mlishinda? Akikosea hata moja, atoke. Akijibu yote lakini ana kizunguzungu, maumivu ya kichwa, anaona ukungu au anajibu kwa kuchelewa, atoke vilevile. Ukiwa na shaka, mtoe.

Dalili zifuatazo ni za hatari na zinahitaji rufaa ya haraka:

- kutapika zaidi ya mara moja;
- maumivu ya kichwa yanayozidi;
- kusinzia kupita kiasi au kuamka kwa shida;
- degedege;
- mboni moja kuwa kubwa kuliko nyingine;
- udhaifu au ganzi upande mmoja wa mwili;
- maji meupe au damu kutoka puani au masikioni;
- kuchanganyikiwa kusikoisha baada ya saa mbili;
- maumivu makali ya shingo.

Mtu anayetumia dawa za kuzuia damu kuganda apelekwe hata kama dalili ni ndogo.

Wapo wanaoanguka, wakainuka, wakaongea vizuri kwa saa kadhaa, kisha wakazimia. Mshipa wa damu umechanika chini ya mfupa, na damu inajaza nafasi polepole. Kipindi hicho cha utulivu ndicho muda wa kumsafirisha. Kutoka mwambao wa Kirando au Kabwe, au kutoka bondeni chini ya Lyamba lya Mfipa, kufika Sumbawanga ni safari ya saa nyingi, hasa wakati wa masika. Kutoka Sumbawanga hadi hospitali ya rufaa ya kanda Mbeya ni zaidi ya kilomita 300. Uamuzi wa rufaa ufanyike dalili ya kwanza ya hatari inapoonekana, na hospitali inayopokea ipigiwe simu kabla gari halijaondoka.

Kuhusu dawa, parasetamoli inatosha kwa maumivu. Sindano ya diklofenaki, ibuprofeni na aspirini ziepukwe katika siku mbili za mwanzo, kwa kuwa huweza kuongeza uvujaji wa damu. Dawa za usingizi zisitolewe ili "kumtuliza", kwani zitaficha dalili unayoitafuta.

Kwa mgonjwa na familia

Ukiruhusiwa kwenda nyumbani, usibaki peke yako katika saa 24 za kwanza. Kulala si hatari, ila awepo mtu wa kukuamsha mara chache usiku na kuona kwamba unajibu sawasawa. Usinywe pombe. Dalili yoyote katika zile zilizotajwa ikitokea, rudi hospitali usiku huohuo.

Pumzika siku moja hadi mbili. Kutembea polepole nyumbani kunaruhusiwa, na kujifungia gizani kwa wiki nzima hakusaidii. Kisha ongeza shughuli kidogo kidogo, kila hatua ichukue siku nzima: kutembea, kazi nyepesi za nyumbani, kusoma, kukimbia taratibu. Dalili zikirudi, rudi hatua moja nyuma. Mwanafunzi arudi darasani kwanza, uwanjani baadaye. Kubeba magunia, kulima kwa plau la maksai na kupanda juu ya lori vingoje hadi dalili ziishe.

Wachezaji wa kulipwa wana madaktari pembeni mwa uwanja. Hata hivyo ligi ya raga ya Australia, tangu mwaka 2023, humweka nje mchezaji aliyepata mtikisiko kwa siku zisizopungua 11. Kwa michezo ya mitaani, ambako daktari hayupo, miongozo ya Uingereza na Australia inataka siku 21 kabla ya kurudi mashindanoni, na siku 14 bila dalili kabla ya mazoezi ya kugongana. Walimu wa michezo na makocha wa Rukwa wanaweza kuanza kuifuata kesho, haihitaji bajeti.

Ugumu uko kwingine. Mchezaji wa mbele hurudi uwanjani mapema kwa sababu anaogopa kupoteza nafasi yake. Dereva wa bodaboda hurudi barabarani kwa sababu mwenye pikipiki anataka hesabu ya siku. Mkulima hurudi shambani kwa sababu mvua haisubiri. Kumwambia mtu huyo "pumzika" bila kuongea na wanaomtegemea ni kumpa dawa asiyoweza kuimeza. Mhudumu wa afya amwite mke au mume, mwenye pikipiki au kocha, amweleze kwamba dereva mwenye kizunguzungu huchelewa kushika breki, na kwamba siku chache za kukosa hesabu ni nafuu kuliko mazishi ya dereva na abiria wake. Mwandikie cheti chenye tarehe. Maneno ya daktari yaliyoandikwa humpa mgonjwa nguvu ya kusema hapana.

Hitimisho

Kofia ngumu ya pikipiki, iliyofungwa kidevuni, hupunguza vifo na kupasuka kwa fuvu, na kila dereva na abiria avae. Lakini haiwezi kuzuia kabisa ubongo kutikisika ndani ya fuvu. Kinga iliyobaki ni mtu mwenyewe kutopigwa tena kabla hajapona.

Folkes na wenzake walicheza katika zama ambazo kuinuka na kuendelea kulihesabiwa kuwa ushujaa. Sisi tumekwisha kujua gharama yake. Kila zahanati ya Ufipa ianze leo kuuliza swali lile moja la kuanguka na kupigwa, na kuliandika jibu katika kadi ya mgonjwa pamoja na tarehe. Akirudi baada ya mwezi na kusahau kwake au hasira zake, atakayemhudumia ajue pa kuanzia.